Jioni Nne za Chama cha Viti Vitatu: Tathmini ya Darasa la Chumba cha Kusomea, Ngamiani

Kwa wiki nne mfululizo, kila Alhamisi baada ya swala ya alasiri, nimehudhuria darasa la jioni linaloendeshwa na chumba kimoja cha kusomea hapa Ngamiani, jijini Tanga. Nililipa ada yangu kamili, sina undugu wala ubia na wenye chumba hicho, na kwa hiyo naandika nilichokiona kama mteja yeyote aliyetoa pesa yake. Ada ni shilingi 20,000 kwa jioni zote nne, na ndani yake mna kitini cha kurasa ishirini, kahawa na kashata. Somo la awamu hii lilikuwa chama kidogo cha kudai uhuru katika visiwa vya Polinesia vilivyo chini ya Ufaransa, chama kiitwacho Ia Mana te Nunaa, kilichoanzishwa mwaka 1975. Nilifundisha uraia katika shule za sekondari kwa muda mrefu, na katika muda wote huo sikuwahi kusimama mbele ya wanafunzi nikawaeleza habari za chama ambacho hakikushika nchi chenyewe. Tulifundisha washindi tu. Hilo ndilo lililonitoa nyumbani.

Darasa linafanyika barazani, chini ya paa la bati lililopigwa dari ya makuti ili kupunguza joto, na wanafunzi hukaa kwenye mikeka na mabenchi mawili yaliyoachwa kwa ajili ya wazee. Tulikuwa kati ya watu kumi na kumi na wanne kila jioni: vijana wa bodaboda, mshona nguo mmoja na binti yake, wastaafu wawili wa bandari, na wanafunzi wa kidato cha tano waliokuja na sare zao. Mwalimu ni mama mstaafu, mpole wa sauti, anayejibu kila shikamoo kwa jina la aliyeitoa, na ambaye hamkatizi mtu hata anapouliza swali lililokwisha kujibiwa. Kahawa ni ya kiwango cha juu, chungu na ya moto, iliyopikwa kwa mkaa na kumiminwa kutoka kwenye buli la shaba kama ile ya vijiweni, na kashata zake ni za nazi mbichi. Kwa upande wa mazingira sina lalamiko isipokuwa moja: ubao ni mdogo mno, na aliyekaa upande wa mlangoni hauoni kabisa.

Jioni ya kwanza ilikuwa ya ramani. Mwalimu alitandika juu ya mkeka ramani aliyoichora kwa mkono kwenye karatasi ngumu za kaki zilizogundishwa pamoja, na watoto wa nyumba wakashikilia pembe zake kwa sababu upepo wa bahari ulikuwa unaipeperusha. Alitueleza kwamba visiwa vinavyoitwa Polinesia ya Ufaransa ni zaidi ya mia moja, vimegawanyika katika mafungu matano, vimetapakaa katika eneo la bahari linalokaribia kilomita za mraba milioni 5, ilhali wakazi wake ni kama watu 280,000 tu, wachache kuliko wakazi wa Jiji la Tanga. Wengi wao wanaishi katika kisiwa kimoja cha Tahiti, ulipo mji mkuu wa Papeete. Aliweka kidole Tahiti, kisha akakivuta hadi Moruroa, kisiwa ambako Ufaransa ilikuja kulipua mabomu ya nyuklia, na sote tukaona ni safari ndefu kiasi gani hata juu ya karatasi.

Lililonifanya nisahau ugumu wa benchi ni ulinganisho alioufanya baada ya hapo. Samoa ya Magharibi, ambayo nayo ni nchi ya Wapolinesia, ilitawaliwa na Wajerumani kama tulivyotawaliwa sisi, ikapotea mikononi mwao katika vita ya kwanza ya dunia kama ilivyopotea Tanganyika, ikawekwa chini ya udhamini wa Umoja wa Mataifa kama tulivyowekwa, na ikapata uhuru tarehe 1 Januari 1962, wiki tatu tu baada ya bendera yetu kupandishwa tarehe 9 Desemba 1961. Visiwa vya Ufaransa havikupitia njia hiyo. Viliandikwa mwaka 1946 katika orodha ya nchi zisizojitawala, kisha mwaka 1947 vikaondolewa, na kuanzia hapo Ufaransa haikuwa tena na wajibu wa kuutolea Umoja wa Mataifa taarifa juu ya watu wake. Mwalimu alitutaka tufikirie maana yake kwa vitendo. Sisi tulikuwa na ujumbe wa Umoja wa Mataifa uliokuja kutembelea nchi na kusikiliza malalamiko, na mwaka 1955 Mwalimu Nyerere aliweza kwenda New York kusema mbele ya Baraza la Udhamini. Mtu wa Tahiti wa mwaka huohuo hakuwa na mlango wa kubisha. Nimesoma historia ya TANU tangu ujana wangu, lakini sikuwahi kuelewa vizuri namna hii kwamba udhamini wenyewe, pamoja na aibu yake, ulikuwa ni mlango.

Jioni ya pili ilimhusu Pouvanaa a Oopa, mzaliwa wa kisiwa cha Huahine, askari wa zamani wa vita ya kwanza ya dunia, ambaye watu wake walimwita Metua, yaani baba. Mwaka 1949 alianzisha chama cha RDPT, yaani Umoja wa Kidemokrasia wa Watu wa Tahiti, na mwaka huohuo akachaguliwa kuwa mbunge katika bunge la Paris. Tarehe 28 Septemba 1958 Ufaransa iliziitisha nchi zote ilizozitawala kupiga kura ya kubaki nayo au kuondoka. Pouvanaa akahimiza watu wapige Hapana, lakini karibu asilimia 64 wakapiga Ndiyo. Katika Afrika nzima ni Guinea ya Sékou Touré peke yake iliyosema Hapana. Wiki mbili baadaye Pouvanaa alikamatwa, akashtakiwa kwamba alipanga kuuchoma moto mji wa Papeete, na mwaka 1959 akahukumiwa kifungo cha miaka 8 na kufukuzwa katika visiwa vyake kwa miaka 15. Alirudi nyumbani mwaka 1968, akawa seneta, akafariki mwaka 1977. Mahakama ya juu ya Ufaransa ilifuta hukumu yake mwaka 2018. Mmoja wa wastaafu wa bandari aliuliza kwa sauti ya chini, "Mwalimu, yaani amekaa kaburini miaka arobaini bado ni mfungwa?" Mwalimu alimjibu, "Ndivyo, kaka yangu, kwenye karatasi," na palikuwa kimya kwa muda kabla hajaendelea.

Mwalimu alifanya vyema kuanza na Metua, kwa sababu bila yeye chama cha mwaka 1975 hakieleweki. RDPT kilivunjwa na serikali ya Ufaransa mwaka 1963, na tarehe 2 Julai 1966 bomu la kwanza la nyuklia likalipuliwa Moruroa. Hadi mwanzo wa mwaka 1996, majaribio yalikuwa yamefikia 193 katika visiwa vya Moruroa na Fangataufa, mengi yakiwa chini ya ardhi, na yale ya miaka ya mwanzo hewani. Mradi huo ulileta mishahara, na mishahara ikawatoa watu katika visiwa vya mbali, wakaacha mashamba na nyavu, wakaja kujazana pembezoni mwa Papeete. Vijana waliokuwa wamekwenda kusoma Ufaransa walirudi wakaikuta nchi ya wavuvi ikila vyakula vilivyotoka ng'ambo kwa meli. Hao ndio waliounda Ia Mana te Nunaa. Kiongozi wao aliyejulikana zaidi ni Jacqui Drollet, na miongoni mwa watu wa mwanzo alikuwamo Henri Hiro, mshairi aliyesomea theolojia Ufaransa na aliyerudi kupigania lugha na mila za watu wake hadi alipofariki mwaka 1990. Kilikuwa chama cha kijamaa. Kilitaka uhuru, na kilitaka uhuru huo uanzie kwenye shamba, kwenye lugha, na kwenye uwezo wa kisiwa kujilisha.

Hapa Mwalimu alitumia karibu nusu saa kulieleza jina la chama, na sijutii hata dakika moja. Nunaa ni watu, ni umma, ni taifa. Mana ni neno zito zaidi: ni nguvu, lakini nguvu yenye heshima ndani yake, nguvu aliyo nayo kiongozi wa kweli au mahali patakatifu. Jina zima ni kama dua, kwamba umma na uwe na mana. Tulijaribu maneno yetu moja baada ya jingine. Nguvu lilionekana tupu, mamlaka likaonekana la ofisini, enzi likaelekea kwa wafalme. Mshona nguo alipendekeza baraka, binti yake akasema, "Mama, baraka unapewa, hii wanaidai." Hatukuafikiana. Kwa maoni yangu huduma ya darasa hili ilifikia kilele chake hapo, kwa maana watu wazima kumi na wawili walitoka barazani bado wanabishana juu ya maana ya madaraka ya wananchi, na sikumbuki lini nilisikia mabishano ya namna hiyo yasiyo na matusi.

Jioni ya tatu ndiyo iliyonifanya niamue kuandika. Mwalimu aliweka sinia mbele yetu, akahesabu punje 27 za mahindi, akaongeza kunde tatu. Alisema, "Hili ni bunge la visiwa la mwaka 1982. Lina viti 30. Hizi kunde tatu ndizo Ia Mana." Kijana mmoja wa bodaboda, aliyekuwa bado ameshika kofia yake ya pikipiki mapajani, akauliza bila kuficha, "Shikamoo tena Mwalimu, samahani, chama cha viti vitatu kina faida gani? Si wanakula posho tu?" Mwalimu hakukasirika. Aliyamimina yote kwenye kikombe, akaanza upya, akahesabu polepole huku kijana yule akimsaidia: punje 28 za mahindi upande mmoja, kunde 27 upande wa pili, na katikati njugu mawe mbili.

Hilo lilikuwa bunge la mwaka 2004, lenye viti 57. Mahindi ni chama cha Gaston Flosse, aliyekuwa ameongoza serikali ya visiwa tangu mwaka 1991 na kutaka visiwa vibaki na Ufaransa. Kunde ni muungano wa UPLD, yaani Umoja wa Demokrasia, ulioongozwa na Oscar Temaru, meya wa Faaa, ambamo chama kikubwa kilikuwa Tavini Huiraatira na ndani yake kilikuwamo pia Ia Mana. Njugu mawe mbili ni vyama viwili vidogo, Fetia Api na No Oe e te Nunaa, kila kimoja na kiti kimoja, na wala havikuwa vyama vya kudai uhuru. Sheria mpya ya uchaguzi iliipa orodha iliyoongoza katika kila jimbo ziada ya theluthi ya viti, na ziada hiyo, iliyotarajiwa kumnufaisha aliyekuwa madarakani, katika jimbo kubwa la Tahiti iliangukia kwa wapinzani wake. Mwalimu alimpa kijana wa bodaboda zile njugu mawe mbili. Kijana alizitazama, akazisogeza upande wa kunde, akahesabu: 29. Mwezi Juni wa mwaka huo Temaru akachaguliwa kuwa rais wa visiwa, na Drollet wa chama cha viti vitatu akawa makamu wa rais katika serikali yake. Mwaka 2011 Drollet akawa spika wa bunge.

Kijana yule hakusema kitu. Alizirudisha njugu katikati, akazisogeza tena upande wa pili, kisha tena, kama mtu anayejaribu kufuli. Mimi nilifundisha hesabu za uchaguzi kwa chati na asilimia, na sikuwahi kumwona mwanafunzi akizigusa.

Mwalimu alisema wazi pia kwamba serikali ile haikudumu. Kufikia Oktoba mwaka huohuo ilikwisha kuangushwa kwa kura ya kutokuwa na imani, na Temaru akarudi mwanzoni mwa mwaka 2005 baada ya uchaguzi wa marudio. Vilevile alieleza kwamba chama kidogo kinachoingia katika muungano hulipa kwa jina lake, kwa kuwa mpiga kura anaanza kumwona mkubwa peke yake. Mawazo ya Ia Mana juu ya ardhi, chakula na lugha yalibaki, yakisemwa na wengine. Nadhani hicho ndicho kipimo cha haki cha chama kidogo, na ndicho darasa hili lilichonifundisha mimi niliyekwenda nikidhani nakwenda kupitisha muda.

Sasa niseme kasoro, maana zipo, na mbili kati yake ni kubwa. Ya kwanza ni kitini. Karatasi ni nzuri na maandishi yanasomeka, lakini ukurasa wa saba unasema kwamba Ia Mana te Nunaa kilianzishwa na Oscar Temaru. Si kweli. Temaru alianzisha chama chake mwaka 1977 kwa jina la Front de libération de la Polynésie, yaani Chama cha Ukombozi wa Polinesia, kikabadilishwa jina mwaka 1983 kuwa Tavini Huiraatira, yaani watumishi wa umma. Vilikuwa vyama viwili tofauti, vyenye watu tofauti na mara nyingi vikigombania kura zilezile, na mtu anayesoma kitini bila kuhudhuria darasa ataharibikiwa na hadithi nzima, kwa sababu utamu wa jioni ya tatu unategemea tofauti hiyo. Nilimwonyesha Mwalimu, akakubali papo hapo na kusahihisha kwa kalamu katika nakala yangu. Lakini nakala za ziada zinaendelea kuuzwa mlangoni kwa shilingi 3,000 zikiwa na kosa lilelile, na hilo si sawa kwa mahali panapouza maarifa.

Kasoro ya pili ni jioni ya nne. Umeme ulikatika, taa ya chemli ikatafutwa, dakika arobaini zikapita, na sehemu yote ya miaka ya karibuni ikasomwa mbiombio kutoka kwenye daftari. Tuliambiwa kwamba tarehe 17 Mei 2013 Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa liliirudisha Polinesia ya Ufaransa katika orodha ya nchi zisizojitawala, miaka 66 baada ya kuondolewa. Kwamba mwaka 2022 wabunge wote watatu wa visiwa hivyo katika bunge la Paris walitoka Tavini. Na kwamba mwaka 2023 chama hicho kilipata viti 38 kati ya 57 na Moetai Brotherson akawa rais. Haya yalistahili jioni nzima. Hatukupata nafasi ya kuuliza kwa nini chama cha kudai uhuru chenye wingi mkubwa namna hiyo hakitangazi uhuru kesho yake, ilhali ulinzi, mahakama na sarafu vimebaki mikononi mwa Paris, na ilhali wapo wengi waliokipigia kura kwa ajili ya bei ya vyakula na uongozi mpya bila kuwa wameamua juu ya uhuru wenyewe.

Liliniuma zaidi jambo jingine. Kamati Maalumu ya Umoja wa Mataifa ya kuondoa ukoloni, ambayo ndiyo inayoishughulikia orodha hiyo, ilipoundwa mwaka 1961 Tanganyika ilikuwa miongoni mwa wajumbe wake 17 wa kwanza, na katika miaka ya 1970 mwenyekiti wake alikuwa Mtanzania, Dakta Salim Ahmed Salim. Jina lake halikutajwa hata mara moja. Wala halikutajwa jina la Zuberi Mtemvu, aliyetoka TANU mwaka 1958 kwa kupinga uamuzi wa mkutano wa chama hicho Tabora wa kushiriki uchaguzi wa kura tatu, ambamo kila mpiga kura alilazimika kumchagua Mwafrika mmoja, Mwasia mmoja na Mzungu mmoja, akaanzisha chama chake cha African National Congress, akataka uhuru wa haraka zaidi, na mwaka 1962 akasimama dhidi ya Nyerere katika uchaguzi wa rais akapata chini ya asilimia 2 ya kura. Nilipouliza habari zake, Mwalimu alisema tutazungumza siku nyingine. Namheshimu sana, lakini darasa linalompa Mtanga jioni nne za chama kidogo cha Papeete halina budi kumpa walau nusu saa ya chama kidogo cha nyumbani, kilichotoka ndani ya TANU ileile, mwaka uleule ambao Pouvanaa alikamatwa.

Pamoja na hayo, ningelipa tena. Shilingi 5,000 kwa jioni moja ni chini ya nauli na soda ya mtu anayekwenda Raskazone kupunga upepo, na sijapata kuona hapa mjini mahali pengine ambapo kijana wa bodaboda na mstaafu wa bandari wanakaa mkeka mmoja na kusikilizana juu ya jambo lisilo mpira. Anayetafuta cheti asiende, kwa kuwa hakitolewi. Anayetaka majibu ya haraka atachoka jioni ya pili. Mwenye subira awahi kufika kabla ya saa kumi na nusu ili apate nafasi upande wa ubao, akate kitini chake ukurasa wa saba kwa kalamu na kuandika jina la Drollet mahali palipoandikwa Temaru, na kama ni mzee mwenzangu achukue mto wa kukalia.

Awamu ijayo, Mwalimu ametangaza, itahusu Samoa na vuguvugu la Mau, lililopinga utawala wa kigeni huko. Nimekwisha kulipa, na nimeacha mezani kwake karatasi moja yenye habari za Mtemvu na za kura tatu, akiona inafaa.